Mkopo wa milioni 100 unarudishwa milioni 264: hii ndiyo gharama halisi ya nyumba, au ninahesabu vibaya?

#1 Mpangaji wa Tabata
Habari za jioni wanajamvi. Mimi na mke wangu ni waajiriwa, tuna watoto wawili, na huu ni mwaka wa 9 tumepanga Tabata. Tumepata nyumba ya vyumba vitatu Kinyerezi, ina hati, kwa shilingi milioni 125. Akiba yetu ni milioni 25, na benki imekubali kutukopesha milioni 100 zilizobaki kwa riba ya asilimia 16 kwa mwaka, inayotozwa kwenye salio linalopungua, kwa miaka 15. Rejesho la kila mwezi ni shilingi 1,468,700.

Afisa mikopo alinipa jedwali la marejesho la kurasa nne nikalitia kwenye mkoba bila kulisoma. Juzi usiku umeme ulipokatika nililisoma kwa tochi ya simu, nikazidisha rejesho mara miezi 180, nikapata milioni 264 na ushee. Nilidhani nimebonyeza vibaya, nikarudia. Nikatazama mstari wa kwanza: katika ile 1,468,700, riba ni 1,333,333, na kinachopunguza deni ni 135,368 tu. Nikashuka hadi mstari wa 60. Baada ya miaka mitano nitakuwa nimelipa zaidi ya milioni 88, na deni litakuwa limebaki milioni 87.7.

Naomba mnielimishe. Je, nyumba hii bei yake ni milioni 125, au ni milioni 289 ukijumlisha na akiba yangu? Na kama ni 289, kuna mtu mwenye akili timamu anayesaini karatasi kama hii?

#2 Mzee wa Lenta
Umejijibu mwenyewe. Nunua kiwanja, mwite fundi, jenga kidogo kidogo kama tulivyojenga sisi. Mwaka huu msingi, mwakani ukuta, mwaka unaofuata unapaua, na hakuna mtu atakayekupigia simu tarehe 25 kukuuliza rejesho liko wapi.

#3 Hesabu Kwanza
Mleta mada, hesabu yako ya kuzidisha ni sahihi na jedwali la benki halikukudanganya. Linalokuchanganya ni mpangilio wa mkopo wenyewe. Riba hutozwa kwenye deni lililobaki, na mwezi wa kwanza deni ni milioni 100 kamili, kwa hiyo asilimia 16 igawanye kwa miezi 12 utapata ile 1,333,333. Rejesho halibadiliki, deni linashuka taratibu, na sehemu kubwa ya kushuka huko hutokea miaka ya mwisho. Ndiyo maana anayeuza nyumba au kuhamisha mkopo mwaka wa tano hushangaa kukuta deni karibu lilelile.

Jambo ambalo wakopaji wengi hawalitazami ni muda. Mkopo huohuo kwa miaka 10, rejesho ni takriban 1,675,100 na jumla ni milioni 201. Kwa miaka 25, rejesho linashuka hadi 1,358,900 tu, lakini jumla inafika milioni 407. Yaani kwa kujipunguzia shilingi 110,000 kwa mwezi unaongeza milioni 143 juu ya bei ya nyumba. Afisa mikopo anapokwambia kwamba "tunaweza kukurefushia muda ili upumue", omba kwanza uone jumla.

#4 Kaka wa Mbezi
Mimi nilipewa mkopo wa nyumba kwa asilimia 10 tu na taasisi moja ya fedha, miaka 15, milioni 100 hizohizo. Asilimia 16 ni unyonyaji. Tafuta kwingine.

#5 Hesabu Kwanza
Kaka wa Mbezi, rejesho lako kwa mwezi ni shilingi ngapi?

#6 Kaka wa Mbezi
1,388,900.

#7 Hesabu Kwanza
Basi hiyo ni riba isiyopungua. Walichukua asilimia 10 ya milioni 100, wakazidisha kwa miaka 15, wakapata riba ya milioni 150, wakajumlisha na mkopo na kugawanya kwa miezi 180. Unaendelea kutozwa riba ya milioni 100 hata mwaka wa 14, wakati deni lako la kweli limebaki dogo sana. Ukiigeuza kuwa riba ya salio linalopungua inakaribia asilimia 14.8. Nakiri umemshinda mleta mada kwa pointi moja na kidogo, lakini hukumshinda kwa pointi sita. Tena soma mkataba wako: kwa mikopo mingi ya namna hiyo, ukitaka kulipa mapema unadaiwa riba yote kama vile umekaa miaka yote 15.

#8 Kaka wa Mbezi
Nimesoma ujumbe #7 mara tatu. Naenda kutafuta mkataba.

#9 Bi Mkubwa wa Ilala
Mzee wa Lenta (#2), shikamoo, lakini nakukatalia kwa mfano wangu mwenyewe. Sisi tulijenga kidogo kidogo Chanika kuanzia mwaka 2011. Nyumba ilifika kwenye lenta ikasimama miaka minne kwa sababu ada za shule zilituzidi. Nondo zilizochomoza juu ziliota kutu, mvua ikala tofali za juu, na fundi wa pili aliporudi alivunja kozi mbili nzima akazipanga upya. Muda wote huo tulilipa kodi ya nyumba Ilala, shilingi 350,000 kwa mwezi, ambayo kwa miaka minne tu ni milioni 16.8. Hakuna aliyetutoza riba, lakini gharama tuliibeba, na kwa kuwa haikuandikwa kwenye jedwali lolote hatukuiona. Daftari la fundi lina mifuko ya simenti na trip za mchanga, halina kodi tuliyolipa tukisubiri.

#10 Mzee wa Lenta
Marahaba mwanangu. Lakini leo nyumba ni yako au ya benki?

#11 Bi Mkubwa wa Ilala
Ni yangu, na bado haina dari chumba cha wageni.

#12 Kuponi
Mada nzuri. Niongeze upande wa benki, kwa sababu wengi hapa wanaona asilimia 16 kama uchoyo mtupu. Kabla kuponi hazijapunguzwa mwaka 2022, hatifungani ya miaka 20 ya serikali yetu, yaani karatasi ya kuikopesha serikali, ilikuwa na kuponi (riba ya kila mwaka) ya asilimia 15.49, na ile ya miaka 25 asilimia 15.95. Benki yenye fedha za muda mrefu iliweza kuikopesha serikali kwa kiwango hicho, bila kumfuatilia mtu na bila kesi mahakamani. Kwa nini ingekukopesha wewe kwa 12? Pili, amana za wateja ni za muda mfupi, mtu anaweza kuja kesho kuchukua zake, ilhali mkopo wa nyumba ni wa miaka 15 hadi 25. Pengo hilo ndilo lililosababisha kuundwa kwa TMRC, kampuni inayozikopesha benki fedha za mikopo ya nyumba, mwaka 2010, ili benki zipate pa kukopa fedha za muda mrefu.

#13 Mstaafu wa Upanga
Kuponi ameanza hadithi katikati. Tulikuwa na Benki ya Nyumba Tanzania tangu mapema miaka ya 1970, na watu wa rika langu walijenga kwa mikopo yake. Ilifilisika mwaka 1995, mikopo mingi haikuwa imerejeshwa. Baada ya hapo kwa miaka mingi mkopo wa nyumba ulikuwa kitu cha kusimuliwa, hadi ilipokuja sheria ya mwaka 2008 ya mikopo ya nyumba iliyozipa benki uhakika zaidi wa kukamata dhamana. Kwa hiyo katika hiyo asilimia 16 ya kijana wa Tabata, kuna sehemu anayolipa kwa sababu sisi wengine hatukulipa.

#14 Kuponi
Mstaafu, wewe ulilipa?

#15 Mstaafu wa Upanga
Nililipa, na risiti ninazo. Usinichokoze.

#16 Nyali kwa Nyuma
Salamu kutoka Mombasa. Hakuna aliyemuuliza mleta mada swali ambalo mimi lilinigharimu: je, hiyo asilimia 16 imefungwa hadi mwisho au inaelea, yaani benki inaweza kuibadilisha? Mimi nilikopa shilingi za Kenya milioni 5 kwa asilimia 13, miaka 20, rejesho 58,579 kwa mwezi. Baada ya miaka minne nilikuwa nadaiwa takriban milioni 4.72 na nimebakiwa na miaka 16. Kipindi kile Benki Kuu ya Kenya ilipokuwa ikipandisha kiwango chake cha riba, hadi kikafika asilimia 13 Februari 2024, benki yangu ilinitumia barua ya aya moja: riba sasa ni 14.5, na "kwa manufaa ya mteja" rejesho halitabadilika. Nilifurahi, nikaikunja barua nikaiweka kwenye droo.

Miezi kadhaa baadaye mpwa wangu, ambaye ni mhasibu, alinifanyia hesabu. Kwa rejesho lilelile, muda uliobaki ulikuwa umetoka miezi 192 ukafika miezi 305. Pointi moja na nusu tu imeniongezea zaidi ya miaka tisa! Na akanionyesha jambo la pili: kama riba ingefika 16, rejesho langu lisingetosha hata kulipia riba ya mwezi, na deni lingekuwa linakua huku ninalipa. Kiwango cha Benki Kuu kilianza kushushwa Agosti 2024, lakini barua ya kunipunguzia haikuja kwa kasi ileile ya barua ya kuniongezea.

#17 Mpangaji wa Tabata
Nyali, umenitisha. Nimefungua mkataba sasa hivi. Kifungu cha 11 kinasema riba "inaweza kurekebishwa kulingana na hali ya soko". Basi hili jedwali la kurasa nne ni la nini?

#18 Nyali kwa Nyuma
Ni la siku uliyosaini tu, ndugu yangu.

#19 Hesabu Kwanza
Ninathibitisha hesabu ya mpwa wa Nyali, nimeirudia na imetoka vilevile. Kenya kuna nafuu moja ya kuzingatia, ambayo ni mikopo inayopitia KMRC, kampuni ya huko inayofanya kazi kama TMRC yetu, inayotolewa kwa riba ya tarakimu moja kwa wanaotimiza masharti. Tuchukue milioni 4 za Kenya kwa miaka 20. Kwa asilimia 9.5 rejesho ni kama 37,300, na kwa asilimia 15 ni kama 52,700. Tofauti ya jumla ni karibu milioni 3.7, ambayo inakaribia mkopo wenyewe.

#20 Mwana wa Mkunazini
Assalaam alaykum. Naona mnazungumzia riba kana kwamba ni njia pekee. Huku Zanzibar, na bara pia kwa benki zinazofuata sharia, kuna musharaka inayopungua: wewe na benki mnainunua nyumba kwa ubia, wewe unakaa, unalipa kodi ya sehemu ya benki, na kila mwezi unanunua kipande cha sehemu hiyo hadi nyumba iwe yako yote. Kuna pia murabaha, ambapo benki inainunua na kukuuzia kwa bei ya juu inayotajwa siku ya kwanza. Bei hiyo haiongezeki hata ukichelewa. Kwa mtu kama Nyali, jambo hilo pekee lina thamani.

#21 Kaka wa Mbezi
Waalaykum salaam. Jumla yake kwa milioni 100 inakuwa ngapi?

#22 Mwana wa Mkunazini
Sitakuficha, kwa mkataba nilioletewa mimi haikuwa mbali na ya mleta mada. Tofauti haiko kwenye jumla peke yake, iko kwenye aina ya makubaliano na kwenye nani anabeba mabadiliko ya soko. Kwangu na dini yangu tofauti hiyo si ndogo.

#23 Dada wa Minneapolis
Niko Marekani, na huku tatizo lenu la kifungu cha 11 wengi hatuna, kwa sababu mkopo wa kawaida ni wa miaka 30 wenye riba iliyofungwa hadi mwisho. Lakini msidhani tumenusurika. Aliyekopa dola 300,000 mwaka 2021 kwa asilimia 3 analipa kama dola 1,265 kwa mwezi. Jirani yake aliyekopa kiasi hichohicho kwa asilimia 7 analipa karibu dola 1,996, na kwa miaka 30 atarudisha takriban dola 718,500. Juu yake kuna kodi ya majengo inayolipwa serikalini, ambayo hailingani kabisa na ile shilingi 1,500 mnayokatwa kwenye umeme wa LUKU kila mwezi. Nikimweleza mama yangu Morogoro kodi ninayolipa, anadhani nimepanga.

#24 Kuponi
Turudi kwenye swali la msingi, kwa sababu naona kila mtu amekubali ile 264 bila kuihoji. Huwezi kujumlisha shilingi ya mwezi huu na shilingi ya mwaka wa 15 kana kwamba ni kitu kimoja. Tukichukulia mfumuko wa bei wa asilimia 3 kwa mwaka, marejesho yote 180 yakiletwa kwenye thamani ya leo yanakuwa kama milioni 213. Rejesho la mwisho la 1,468,700 litakuwa na nguvu ya kununua ya kama 940,000 za leo. Bado ni ghali, lakini si 264.

Halafu ondoa kodi ambayo angelipa. Nyumba kama hiyo Kinyerezi tuseme inapangishwa kwa 500,000. Ikipanda asilimia 5 kila mwaka, kwa miaka 15 mpangaji atakuwa amelipa takriban milioni 129.5 na ataondoka na funguo za kurudisha.

#25 Mzee wa Lenta
Kwa hiyo milioni 264 zimekuwa 213 kwa kuzitazama tu. Benki ikinidai nitawaambia thamani ya leo.

#26 Hesabu Kwanza
Hoja ya Kuponi ni sahihi kwa sharti moja analoliruka, kwamba mshahara wa mkopaji upande angalau sambamba na bei. Waajiriwa wa sekta binafsi wenye mshahara uleule kwa miaka minne au mitano wapo wengi. Kwao shilingi ya mwaka wa tano ni nzito kuliko ya leo, kwa sababu chakula na nauli vimepanda na rejesho limebaki palepale.

Tena ukitaka ulinganisho wa haki na kupanga, uliza pia ile tofauti ingefanya nini. Mwaka wa kwanza rejesho linaizidi kodi kwa 968,700 kila mwezi, na akiba ya milioni 25 ipo mkononi. Mpangaji mwenye nidhamu akiziweka zote kwenye hatifungani, mwaka wa 15 anaweza kununua nyumba kwa fedha taslimu.

#27 Bi Mkubwa wa Ilala
Mpangaji huyo mwenye nidhamu anaishi wapi? Mimi nikiwa na 968,700 mkononi kila mwezi, ndani ya mwaka mmoja zingekuwa zimekwenda kwenye michango ya harusi tano na paa la shangazi. Rejesho linakatwa kabla shangazi hajapiga simu.

#28 Afisa Mstaafu
Nilifanya kazi kitengo cha mikopo, nitasema machache. Kwanza, riba si gharama yote. Kuna ada ya kuandaa mkopo, mthamini, wakili, ushuru wa stempu wa asilimia 1 wakati wa kuhamisha umiliki, usajili wa rehani, bima ya moto na bima ya maisha ya mkopaji. Ulizia hasa hiyo bima ya maisha inalipwaje. Mara nyingi inalipwa kwa mkupuo, na mteja asipokuwa nazo taslimu inajumuishwa kwenye mkopo. Tuseme ni milioni 2.4: ukiiingiza kwenye mkopo wako wa asilimia 16 kwa miaka 15, utakuwa umeilipia zaidi ya milioni 6.3. Ukiweza, ilipe pembeni.

Pili, uliza kama kuna adhabu ya kulipa kabla ya muda. Kama hakuna, ongeza 200,000 kila mwezi tangu mwanzo, na andika barua kwamba ziada ipunguze deni la msingi, maana usipoandika inaweza kukaa kama rejesho la mwezi ujao. Kwa ziada hiyo mkopo unaisha kwa miaka kumi na miezi miwili hivi, na unaokoa karibu milioni 62.

Tatu, kama mnaishi kwenye nyumba inayowekwa rehani, mwenzi wako lazima aridhie kwa maandishi. Sheria ya Ardhi inataka hivyo. Nimeshuhudia mama aliyejua kwamba nyumba ina mkopo siku ilipobandikwa notisi ya siku 60 getini.

#29 Kaka wa Mbezi
Mpangaji wa Tabata, shemeji anajua kwamba umeleta mambo yenu humu?

#30 Mpangaji wa Tabata
Anajua, anasoma pembeni yangu, na anauliza kwa nini kila mtu anazungumzia nyumba ya mkopo kama gereza na hakuna anayezungumzia mwenye nyumba wetu aliyetupandishia kodi mara tatu ndani ya miaka sita.

#31 Kuponi
Mwambie shemeji ndiye aliyeelewa hoja yangu ya #24 kuliko wote.

#32 Hesabu Kwanza
Bado haijibu #26.

#33 Kaka wa Mbezi
Nimerudi. Mkataba nimeupata chini ya godoro la mtoto. Hesabu Kwanza, ulikuwa sahihi: kifungu cha 8, nikilipa mapema nadaiwa riba yote iliyobaki. Nilikuwa nimepanga kuuza gari ili nimalizane nao mwakani. Gari linabaki.

#34 Mpangaji wa Tabata
Asanteni nyote. Leo mchana nilimpigia afisa mikopo. Adhabu ya kulipa mapema ipo kwa miaka mitatu ya kwanza, kisha inaondoka. Bima ya maisha ni milioni 1.9, walikuwa wamepanga kuiongeza kwenye mkopo na nimeomba niilipe pembeni. Kuhusu kifungu cha 11, niliuliza kama riba ikipanda wataongeza rejesho au muda, akasema hajawahi kuulizwa hivyo, atauliza makao makuu. Ninasubiri jibu kwa maandishi. Mke wangu anataka miaka 10, mimi naogopa ile 1,675,100. Hatujasaini.

#35 Mzee wa Lenta
Kabla hamjasaini, njooni Jumamosi Goba mwone nyumba yangu. Kuanzia chumba cha nyuma haina bati, lakini chai ipo.

#36 Bi Mkubwa wa Ilala
Tangu mwaka gani haina bati, mzee wangu?

#37 Mzee wa Lenta
Hilo halimo kwenye mada.